Uzoefu wangu: wikendi ya kula Amritsar

Ukienda Amritsar, mji wa kaskazini mwa India, usilipie ziara ya chakula. Hoteli niliyofikia iliniuzia moja, na mwongozaji akatuzungusha kwenye maduka ya vitambaa kuliko kwenye vyakula. Mji wa kale unatembeleka kwa miguu, na mlo wake bora hauuzwi.

Mlo huo ni wa langar, jiko la bure la Hekalu la Dhahabu, mahali patakatifu kuliko pote kwa Wasikh. Vua viatu, funika kichwa, nawa miguu, kisha fuata umati. Unapewa sahani ya chuma, unakaa chini kwenye safu, mwenye gari kando ya mchukuzi. Wagawaji wanapita na ndoo za dal, yaani mchuzi mzito wa dengu, na wali wa maziwa. Chapati unapokea kwa viganja viwili. Jiko halilali, na siku ya kawaida hulisha watu wasiopungua 50,000. Aliyewahi kushuka kwenye hekalu la Makindu, njia ya Mombasa kwenda Nairobi, desturi hii anaijua, ila kwa Amritsar ajiandae na kelele: sahani zinavyorushwa kuoshwa utadhani mabati yanaporomoka. Nilikaa na akina bibi tukamenya vitunguu saumu. Mmoja akaninyang'anya kisu bila neno, akanionyesha kwamba kazi hiyo ni ya kucha.

Asubuhi ni ya kulcha. Huu ni mkate wa tanuri uliojazwa viazi na vitunguu, unapakwa siagi ukingali unafuka moshi, kisha mpishi anaufinya kwa mikono miwili mpaka tabaka zake zipasuke. Unaletwa na mchuzi wa dengu na chatini ya ukwaju. Kula palepale, ukifungiwa wa kubeba unakuwa ngozi. Mmoja unatosha mpaka alasiri, hasa ukishushia lassi, kinywaji cha mtindi, yenye bonge la malai (krimu ya maziwa) juu.

Usiku nilikwenda Kesar Da Dhaba, mgahawa ulioanzishwa 1916 huko Sheikhupura, ambayo sasa iko Pakistan, ukahamia hapa baada ya India kugawanywa 1947. Gari halifiki mlangoni, vichochoro ni vyembamba mno. Agiza dal ya choroko nyeusi, inayochemka kwa saa nyingi juu ya moto mdogo. Samli inaelea juu kama ziwa. Mimi naipenda, lakini mwenye tumbo jepesi aombe ipunguzwe.

Kuhusu mipango: treni ya Shatabdi kutoka New Delhi inachukua takriban saa sita, na chai huletwa kitini. Novemba hadi Machi hali ya hewa ni nzuri, ingawa ukungu wa Desemba na Januari huchelewesha treni. Mei na Juni joto hupita nyuzi 40, na nani atakula samli kwenye joto hilo? Ukitokea Kenya, beba kadi ya chanjo ya homa ya manjano pamoja na viza.

Karibu na hekalu hutapata nyama. Wenzangu wa pwani wasikate tamaa: nje ya mji wa kale kuna samaki wa mtoni, wanachovywa kwenye unga wa dengu wenye ajwain, kiungo cha mbegu ndogo zenye harufu kali, na kukaangwa mpaka wakauke. Wanauzwa kwa uzito, kwa hiyo uliza bei kabla hawajaingia kwenye mafuta.