Jumuiya ndogondogo ama misa ya kwa simu?

Hii mada haiishi hapa Malindi, hasa kwa vijana: usali na jumuiya, yaani kikundi kidogo cha Wakatoliki majirani wanaokutana nyumba kwa nyumba, ama ufuate misa mtandaoni. Kwa gharama simu yashinda, bando tu basi, jumuiya kuna mchango wa msiba, wa harusi, wa mgonjwa, na zamu ikifika kwako lazima chai na mahamri. Uhakika? Mtandao ukikata kwenye mageuzo, pale padri anapogeuza mkate na divai, ndo basi, na komunyo haipokelewi kwa skrini. Lakini jumuiya inashinda mbali sana kwenye kujulikana, manake maaskofu wa AMECEA, umoja wa maaskofu Wakatoliki wa Afrika Mashariki, waliifanya kipaumbele mwaka 1976 wakitaka kanisa likae mtaani, na kwa mji huu ambao majirani wengi ni Waislamu, Ukatoliki wako unaonekana pale watu kumi wanapobeba viti vya plastiki hadi kwa mama mgonjwa, wanasali rozari uani, na jirani aliyetoka msikitini anawaletea maji ya kunywa. Mi hilo hunigusa sana. Ila nesi wa zamu za usiku, ama kijana aliyeenda kibarua Lamu na hajui mtu huko, misa ya simu ndo inamshika asipotee kabisa. Wewe mwenye makao na majirani, anza na jumuiya.