Uzoefu wangu: Collective (2019), nimeiangalia na mama ambaye alikua nesi

Jamani hii dokumentari naipa nyota 5, ingekua kuna ya 6 ningeweka. Inaitwa Collective, ya Romania, kaiongoza Alexander Nanau, dakika 109, na mwaka 2021 ilichaguliwa kuwania Oscar vipengele viwili kwa mpigo. Mimi lakini Oscar haikunivuta, kilichonivuta ni kuambiwa kwamba inahusu uozo wa hospitali za kule na waliofichua ni waandishi wa gazeti la michezo, na mimi gazeti la michezo nalisoma toka niko shule, Romania nilikua naijua kwa mpira tu, mchezaji Hagi na timu ya Steaua basi.

Stori iko hivi. Tarehe 30 Oktoba 2015 klabu ya muziki inaitwa Colectiv pale Bucharest ikashika moto watu wamejaa ndani. Filamu inasema 27 walikufa usiku ule halafu wengine 37 wakaja kufia hospitali, na wengi wao majeraha yao hayakua ya kuua mtu. Watu wakaingia barabarani, waziri mkuu akajiuzulu, na huku wakubwa wa afya wanasema hospitali zetu zina kila kitu kama Ujerumani tu. Sasa mwandishi Cătălin Tolontan na wenzake wa Gazeta Sporturilor, ndo lile gazeti la michezo, wakajiuliza swali jepesi kabisa, mtu kaungua mkono, kafa na bakteria, hao bakteria kawatoa wapi? Wakafatilia mpaka kwenye dawa za kuua vijidudu zinazotumika wodini na vyumba vya upasuaji, wakakuta zimechakachuliwa, kiwandani kwenyewe zimeongezwa maji mpaka mara kumi, na kampuni hiyohiyo inauzia hospitali zaidi ya 300.

Hapa mama akaniambia simamisha. Kafanya kazi wodini miaka mingi, kakaa kimya kidogo ndo akasema mwanangu ile dawa ikizidishwa maji unakua umeosha kwa maji matupu, na nesi huwezi kujua, rangi ipo, harufu ipo, povu lipo, unafuta kitanda cha mgonjwa kwa moyo safi kabisa kumbe unamsambazia. Akaangalia mikono yake. Nimesoma maoni mengi kuhusu hii filamu ila hiyo sentensi ya mama ndo imenifanya niielewe.

Kitu kingine, humu hakuna msimulizi, hakuna mtu kakalishwa kwenye kiti anahojiwa, kamera inakaa tu nao chumba cha habari, simu zinapigwa, wanabishana, wanasoma karatasi, unaona kazi ya uandishi ilivyo ya kuchosha. Kuna mahali waziri wa afya anatoka kusema vipimo vimeonyesha dawa ziko sawa, na wao hawapigi kelele, wanauliza tu swali lingine, kesho tena lingine, mpaka yule waziri akaondoka. Tolontan kuna sehemu anasema waandishi wakishainama mbele ya wenye mamlaka basi wenye mamlaka watawatesa raia, na ukiiangalia kwa utulivu unaona hajisifii, yeye mwenyewe anaumia kwamba walichelewa kuuliza.

Katikati filamu inahamia kwa waziri mpya, Vlad Voiculescu, ambaye aliruhusu kamera iingie mpaka ofisini kwake. Mara ya kwanza nilikasirika, nilitaka nibaki na waandishi. Mara ya pili nikaona Nanau alikua sahihi, maana kule ndo unaona gazeti likishafichua, ugonjwa wenyewe unabaki palepale, mkurugenzi huyu kawekwa na chama, yule ana mtu wake, na waziri mwenyewe anakuna kichwa.

Shida niliyopata ni maandishi ya chini, ya Kiswahili hakuna, ya kiingereza yanapita mbio, nikawa namtafsiria mama huku narudisha nyuma, dakika 109 zikawa kama masaa matatu na bando likaisha njiani. Pia kuna video daktari mmoja kawaletea waandishi, kidonda cha mgonjwa kina funza, kama una roho nyepesi angalia pembeni hapo, watoto wasiwepo kabisa.

Mwishoni uchaguzi wa Desemba 2016 unapita, chama cha yule waziri mkuu kilichoangushwa na maandamano kinarudi kwa kishindo, na baba yake Voiculescu anampigia simu anamwambia mwanangu rudi zako Vienna, kule alikokua anaishi zamani. Mama akajibu kwa sauti kabisa utadhani na yeye yuko kwenye ile simu, "asirudi, wagonjwa anamuachia nani?"