Baberi isiyopukutisha majani: ipi ununue kwa bustani ya Uingereza

Wengi wanaoingia kwenye vitalu vya Uingereza mwezi wa Aprili hununua baberi kwa kuvutwa na maua, na hapo ndipo kosa linapoanzia. Baberi zote zisizopukutisha majani huchanua vizuri. Kinachozitofautisha ni upana zitakaofikia, ukali wa miiba, na namna zinavyokubali mkasi. Kabla ya kutoa pesa, chukua tepu upime nafasi uliyonayo, hasa upana wake, maana kichaka cha mita 3 hakiishi kwa amani kwenye ukanda wa mita 1 kando ya njia ya miguu.

Kwenye kibandiko utasoma jina la Kilatini, Berberis. Jenasi hii ina mamia ya spishi, na mojawapo, Berberis holstii, ni ya kwetu kabisa: inaota kwenye nyanda za juu za Afrika Mashariki, Usambara ikiwemo. Zinazouzwa Uingereza asili yake ni Amerika ya Kusini na Asia. Anayeijua michongoma ya nyumbani hatapata shida kuzielewa: ni mimea migumu, haibembelezwi, na hakuna mbuzi wala mwizi anayepita katikati yake akabaki salama.

Tahadhari moja kwanza. Pembeni ya hizi utaikuta Berberis thunbergii, mara nyingi ya majani ya zambarau, na bei yake hupendeza. Hiyo hupukutisha majani. Ukiipanda ili ikukinge na macho ya jirani, ikifika Januari utabaki na vijiti. Tafuta kwenye kibandiko neno "evergreen", lisipokuwepo, uliza.

Ya kwanza: Berberis darwinii

Kwa bustani nyingi hii ndiyo ya kununua. Charles Darwin aliikusanya Chile mwaka 1835 akiwa safarini na meli ya Beagle, ndiyo sababu ya jina lake, na miche ikafika Uingereza mwaka 1849 kupitia kwa William Lobb, aliyekuwa akikusanya mimea kwa ajili ya kitalu cha Veitch. Majani yake ni madogo, ya kijani kilichokolea, yanang'aa na yana ncha kali pembeni. Maua ni ya rangi ya chungwa iliyoiva, yanashuka kwa vishada Aprili na Mei, na nyuki huyajia mapema wakati vyakula vyao vingine bado ni vichache. Baadaye huja matunda ya buluu iliyokaribia weusi, ambayo ndege huyamaliza.

Inafika mita 3 kwenda juu na karibu hivyo hivyo kwa upana, lakini inakubali kukatwa, na hapo ndipo inapozishinda nyingine. Unaweza kuishikilia kwenye uzio wa mita 1.5 kwa unene wa sentimita 80 na bado ikachanua, mradi ukate kwa wakati wake. Panda kwa nafasi ya sentimita 50: uzio wa mita 10 unataka miche 20. Kama mche mmoja ni pauni 10, hesabu pauni 200 bila matandazo.

Udhaifu wake ni upepo mkavu wa baridi, hasa kwenye miaka miwili ya kwanza. Ukiishi mahali pa wazi panapopigwa na upepo wa mashariki, soma ya pili. Nafasi ikiwa ndogo, ipo aina fupi iitwayo 'Compacta'.

Ya pili: Berberis julianae

Hii ni ya ulinzi. Ina miiba ya pande tatu inayofikia sentimita 4, na majani marefu, mazito kama ngozi. Inatoka China na inastahimili baridi kali kuliko darwinii. Maua yake ni ya njano hafifu, wala hayakusimamishi njiani, lakini machipukizi mapya huwa na rangi ya shaba nzuri sana. Inapanda hadi mita 3. Iweke nyuma ya bustani, chini ya dirisha la pembeni, au kwenye mpaka unaopakana na uchochoro. Usiiweke karibu na mahali wanapocheza watoto: majani makavu yenye miiba huanguka mwaka mzima na yanatoboa kandambili. Kwa uzio, nafasi ni sentimita 50 hadi 60.

Kama shida yako kubwa ni usalama wala si uzuri, ipandishe hii iwe ya kwanza.

Ya tatu: Berberis × stenophylla

Ni chotara wa darwinii na Berberis empetrifolia. Ikiwa imechanua, hakuna baberi inayoipita: matawi membamba yanapinda kama upinde, na kila moja limefunikwa na maua ya njano ya dhahabu yenye harufu ya utamu. Imeshuka hadi nafasi ya tatu kwa sababu inataka mita 3 za upana, na kuzidi, ili ionyeshe umbo hilo. Ukiinyoa iwe kama sanduku, unakata matawi yaleyale yanayobeba maua. Pia huchipua kutoka mizizini na kusogea pole pole kwenye nyasi.

Uliza kama miche ilitokana na vipandikizi. Mbegu za chotara huyu hutoa watoto wasiofanana. Uzio mmoja utakuwa na mimea ya vimo na rangi tofauti. Kwa chungu au mpaka wa chini kuna 'Corallina Compacta', inayobaki chini ya nusu mita, na machipukizi yake ya maua ni mekundu kama marijani kabla hayajafunguka.

Kwa bustani ndogo

Berberis verruculosa na Berberis × frikartii 'Amstelveen' hazizidi sana mita 1.5, zinakua taratibu, na majani yake ni meupe upande wa chini. Maua ni ya njano, si mengi kama ya darwinii. Faida yake kubwa ni kwamba utazikata mara chache. Mwenye kiwanja cha mbele cha mita 4 kwa 4 atafurahi zaidi na moja ya hizi kuliko kupigana na darwinii kila mwaka.

Berberis × lologensis 'Apricot Queen' tunaiweka mwisho, ingawa rangi yake ya embe bivu ni nzuri kweli. Mara nyingine huuzwa ikiwa imebebeshwa kwenye shina la baberi nyingine, na shina hilo likichipua kutoka chini linaweza kumeza ulichokinunua. Ukiipata, kagua shingo ya mche, na kila chipukizi linalotoka chini ya kiungo ling'oe, usilikate.

Namna ya kuchagua mche dukani

Chukua chungu cha lita 2 au 3, siyo cha lita 10. Kikubwa kinapendeza siku ya kununua, lakini mche mdogo huota mizizi nje ya udongo wake haraka, na baada ya misimu michache tofauti haionekani. Utoe mche kwenye chungu, au uombe utolewe. Mizizi inayozunguka ukutani mara tatu nne ni ishara kwamba umekaa humo muda mrefu; urudishe. Kuvu ya kijani na magugu yaliyofunika udongo juu yanasema hivyo hivyo.

Jambo linalowatisha wanunuzi wapya: mizizi ya baberi ni ya njano ndani. Huo si ugonjwa, ni rangi ya dawa yake ya asili, beberini. Mzizi mbovu ni wa kahawia nyeusi, unapondeka kati ya vidole na unanuka. Pia taka matawi matatu au zaidi yanayoanzia chini. Mche wa kijiti kimoja kirefu utakuachia uzio wenye uwazi miguuni.

Epuka miche ya aina hizi inayouzwa bila udongo mizizini. Majani hubaki yakipoteza maji wakati wote wa baridi, na mizizi iliyokatwa haiwezi kuyarudisha.

Kupanda

Wakati bora ni Septemba hadi mapema Novemba, udongo ungali na joto. La sivyo Machi au Aprili. Jua kamili huleta maua mengi, kivuli cha nusu siku kinavumilika. Udongo wa mfinyanzi si tatizo, chokaa si tatizo. Maji yaliyotuama ndiyo yanayoua. Chimba shimo, ulijaze maji. Yakiwepo bado kesho yake, inua tuta la sentimita 20 au chagua mahali pengine.

Shimo liwe na upana mara mbili ya chungu na kina kilekile cha chungu, wala si zaidi. Loweka mche kwenye ndoo mpaka mapovu yaishe, panda, shindilia kwa kisigino polepole, mwagia lita 10. Weka matandazo ya unene wa sentimita 5 hadi 7, yasiguse shina. Kiangazi cha kwanza, wiki isiyo na mvua ya maana, kila mche upate lita 10 kwa mkupuo mmoja. Kunyunyiza kidogo kila jioni huleta mizizi ya juu juu.

Fikiria mahali mara mbili kabla ya kuchimba. Kupanda mchongoma, kushuka ndiyo ngoma: baberi iliyokomaa haipendi kuhamishwa, na mingi hufa ikijaribiwa.

Mkasi, na yanayoharibika

Malalamiko ya kawaida ni "haichanui". Karibu kila mara imekatwa Agosti au Oktoba. Maua ya mwaka ujao yanabebwa na matawi ya mwaka huu, kwa hiyo kata mara tu maua yanapokauka, mwishoni mwa Mei au Juni, na kagua kwanza kama kuna kiota, maana sheria ya Uingereza ya mwaka 1981 inakataza kuharibu kiota kinachotumika. Ukitaka na matunda pia, kata theluthi moja tu ya matawi kila mwaka.

Kingo za majani kuwa kahawia mwezi wa Februari ni kazi ya upepo. Weka wavu wa kuukinga hadi mche ujenge nguvu. Majani kuwa njano yote pamoja ni maji kutuama. Unga mweupe juu ya majani ni ubwiri unga, unaokuja mizizi ikikauka na hewa isipopita. Mwagilia, punguza matawi ya ndani. Mabuu meupe yenye madoa meusi na ya njano ni ya Arge berberidis, mdudu wa jamii ya nyigu ambaye mabuu yake hula majani ya baberi. Hupendelea zaidi thunbergii, lakini ukiyaona yaokote kwa mkono.

Walio Kanada wasiagize aina hizi: kwa sababu ya kutu ya shina la ngano, ugonjwa wa kuvu unaopitia kwenye baberi kabla ya kuingia mashambani, kinachoruhusiwa ni baadhi tu ya aina za thunbergii. Marekani nako kuna masharti, uliza idara ya kilimo ya jimbo lako. New Zealand, darwinii imekuwa gugu la msituni na kuiuza ni marufuku.

Siku ya kukata vaa glavu za ngozi zinazofika kwenye viwiko na miwani ya kazi, na tandika shuka kuukuu chini ya kichaka kabla ya tawi la kwanza kuanguka. Miiba iliyokauka ni mikali kuliko mibichi, na ikishapotelea kwenye nyasi huipati tena mpaka mtu aikanyage.