Ofisi ya wakili mjini Moshi iliyotuhesabia siku 21 moja baada ya nyingine

Kwa kuwa maadili ya taaluma hayaruhusu mawakili kujitangaza, ofisi hii sitaitaja jina. Nitaeleza huduma yenyewe, kwa faida ya yeyote anayetafuta wakili huku muda wa kukata rufaa umekwisha kumpita.

Mama yangu alishindwa kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya katika mgogoro wa mpaka wa kihamba, yaani shamba la familia la Wachaga. Rufaa ya kwenda Mahakama Kuu hukatwa ndani ya siku 45 tangu siku ya uamuzi. Yeye alilazwa siku ya 31, akaruhusiwa kurudi nyumbani siku ya 58. Ofisi ya kwanza tuliyoiendea ilitutuliza kwamba jaji akiona karatasi za hospitali atatuhurumia. Siku ya 62 tulifika kwa wakili huyu, na yeye hakutupa faraja ya namna hiyo.

Alichukua karatasi, akaanza na siku ya 46, akaandika kila tarehe kwenye mstari wake. Kisha akamgeukia mama: "Mama, siku ya 58 umetoka wodini. Siku ya 59 ulikuwa wapi? Ya 60 je?" Mama alikaa kimya kwa muda, na mimi nilianza kuona kwamba zile siku 13 za wodini, ambazo sisi tulidhani ndiyo kesi nzima, zilikuwa sehemu nyepesi. Siku nne zilizofuata ndizo zingetuangusha.

Alitueleza kwamba mahakama ina hiari ya kuongeza muda, lakini hiari hiyo hutumika kwa kufuata sababu zinazothibitika. Alitusomea vigezo vilivyowekwa na Mahakama ya Rufani ikiwa Arusha, katika shauri la Lyamuya Construction dhidi ya wadhamini wa YWCA (chama cha wanawake vijana wa Kikristo), Ombi la Madai Namba 2 la mwaka 2010: mwombaji atoe maelezo ya muda wote aliochelewa, ucheleweshaji usiwe wa kupita kiasi, aonyeshe bidii na si uzembe, na mahakama inaweza kuzingatia sababu nyingine nzito, kama vile uvunjaji wa sheria ndani ya uamuzi unaopingwa. Akaongeza kuwa kuna mahali ambapo hiari yenyewe imewekewa mipaka. Mdaiwa katika kesi ya madai ana siku 21 za kuwasilisha utetezi wa maandishi. Zikimpita, ana siku saba tu za kuomba aongezewe muda, na akikubaliwa hupewa siku kumi. Nilishukuru kuelezwa jambo hilo, maana watu wengi huamini kwamba mlango huo hubaki wazi daima.

Zile siku nne zilitokana na nakala ya hukumu, ambayo mjomba alikuwa ameihifadhi kwake Rombo. Wakili hakukubali jambo hilo liandikwe ndani ya kiapo cha mama peke yake; alitaka mjomba naye aje aape, kwa sababu maneno ya mtu ambaye hakuapa hayana uzito mbele ya jaji. Mjomba alikuja na tiketi ya basi aliyoletea nakala hiyo, imekunjwa mara nne, na ikawa kielelezo. Siku nne za mwisho zilikuwa za kuandaa nyaraka, nazo zilielezwa moja moja vilevile. Maombi ya kuongezewa muda yaliwasilishwa siku ya 66, na siku zote 21 za kuchelewa, kuanzia ya 46, zilikuwa na maelezo.

Nina malalamiko mawili. Kiapo cha kwanza kiliandikwa kwa Kiingereza, lugha ambayo mama haisomi, ilhali tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 lugha ya mahakama ni Kiswahili. Nilipoomba kiandikwe upya walikubali bila ubishi, lakini hatukupaswa kuomba. La pili ni zito zaidi: karani alikosea tarehe ya mama kuruhusiwa kwa siku moja, na kosa hilo nililiona mimi, tukiwa tumebakiza sahihi tu. Katika maombi ambayo siku moja isiyo na maelezo inaweza kuyaangusha, kila tarehe ihakikiwe na watu wawili.

Gharama zote tuliandikiwa siku ya kwanza, na kila malipo yalikuwa na risiti. Maombi yalikubaliwa, na rufaa imesajiliwa. Ukiwaendea, usichambue karatasi nyumbani. Beba bahasha nzima, waache wao wachague.