Gundi za kiti cha mbao: ipi ya kuundia, ipi ya kutengenezea

Hakuna samani inayoteswa kama kiti. Mtu akiegemea nyuma hadi miguu ya mbele ikainuka, uzito wake hufanya kazi ya mtaimbo: hung'oa ndimi za vipingo vya pembeni (ncha za mbao zinazounganisha miguu) kutoka kwenye matundu ya miguu ya nyuma. Kwa hiyo nguvu iliyoandikwa kwenye chupa haitoshi kukuchagulia gundi. Kwenye kiungo kinachobana, gundi nyingi nzuri hushinda mbao yenyewe. Angalia kwanza kiungo kinabana kiasi gani, unahitaji dakika ngapi kukiunga, na kama kitafunguka siku kitakapolegea tena.

Kwa kiti kipya tunapendekeza gundi ya maji ya njano, na Titebond ndiyo tunayoiamini. Titebond Original hukupa dakika 4 hadi 6 tu kabla ya kuanza kushika. Kiti chenye viungo 8 au zaidi hakiungwi chote kwa muda huo, na ukilazimisha, ulimi hukwama katikati ya tundu. Unga fremu ya mbele na ya nyuma kwanza, ziache zikauke, kisha ziunganishe kwa vipingo vya pembeni. Ukitaka kuunga vyote kwa mkupuo, chukua Titebond III, yenye dakika 8 hadi 10. Hii ndiyo inayofaa pia kiti cha barazani, kwa kuwa inastahimili maji, ila si ya kuloweka. Ikikauka huwa ya kahawia, na kwenye mbao nyeupe mstari wake huonekana. Titebond II inastahimili unyevu pia, lakini hushika upesi, dakika 3 hadi 5. Kwa kiti hatuoni sababu ya kuichagua.

Gundi hizi zina udhaifu mmoja mkubwa: haziwezi kujaza nafasi. Maji yakitoka, gundi husinyaa, na kiungo kilicholegea hubaki na uwazi ndani. Tena hazishiki juu ya gundi kavu. Wanaomimina gundi mpya kwenye tundu la zamani hulalamikia chupa, kumbe mbao haijaguswa kabisa. Lainisha gundi ya zamani kwa siki ya moto, ikwangue kwa patasi hadi mbao ionekane, acha pakauke. Usitumie msasa kwenye ulimi, utaupunguza unene. Ulimi ukicheza, ubandike ganda jembamba la randa pande zote, likauke, ulichonge hadi liingie kwa kubana.

Kwa kiti cha zamani, hasa cha thamani, gundi ya ngozi, yaani inayopikwa kutokana na ngozi za wanyama, haina mpinzani. Mpya huyeyusha ya zamani na kushikana nayo, na fundi atakayekuja baadaye ataifungua kwa joto na maji bila kuvunja mguu. Ya chenga huloweshwa kwenye maji baridi, kisha hupashwa hadi nyuzijoto 60 hivi, ikichemka huharibika. Ya maji, kama Titebond Liquid Hide, haihitaji moto na hukupa dakika 10, lakini soma tarehe: iliyozeeka haigandi. Dondosha tone kwenye kibao. Kama kesho yake bado linanata, itupe. Kwenye unyevu mwingi usiitumie hata ikiwa mpya.

Epoksi, mfano Araldite, ndiyo ya tundu lililokwisha umbo. Pima sehemu sawa za mirija miwili, changanya na unga laini wa mbao, wala usikaze klampu (vibanio) mno, maana gundi yote itatoka. Mti wenye mafuta kama msaji ufute kwanza kwa asetoni. Ubaya wake ni kwamba kufungua kiungo hicho baadaye mara nyingi ni kupasua mbao.

Gundi ya poliurethani inayofura, kama Gorilla Glue Original, hujaza nafasi kwa povu, na povu halina nguvu. Supagluu ni ya kurudishia kibanzi tu.

Klampu zikiwa chache, zungushia miguu kamba na uisokote kwa kijiti. Mara tu baada ya kukaza, simamisha kiti juu ya meza iliyonyooka: mguu ukining'inia, legeza na usukume kiti kabla gundi haijashika. Fungua kamba baada ya saa moja kwa gundi ya njano, kesho yake kwa gundi ya ngozi. Asikae mtu kabla ya saa 24.