Mashine ya MIG ya bati jembamba: naanza na ya kununua kwanza mpaka ya kuacha

Wadau, hii ni kwa wanaochomelea kwa MIG (mashine inayolisha waya yenyewe, kwa kawaida na gesi ya kukinga mshono) bati la kuanzia 0.6 mpaka 3 mm, bodi za gari, maboksi ya umeme, stenlesi nyembamba, zile kazi ambazo ukizubaa kidogo bati limeshatoboka au kitu kizima kimejipinda hakikai tena sawa mezani. Watu wengi wakienda dukani swali la kwanza ni "inafika ampia ngapi?", mi nasema uliza inashuka mpaka ngapi. Chuma cha kawaida kinataka kama ampia 40 kwa kila milimita ya unene, sasa mashine ambayo ukishuka chini ya 60 moto unaanza kukatakata itakusaidia nini kwenye bati la 0.8?

Na joto linaloingia kwenye kazi linapigiwa hesabu kabisa: volti mara ampia mara 60, gawanya kwa spidi ya mkono (milimita kwa dakika) mara 1000, unapata kilojuli kwa milimita. Volti 17, ampia 80, spidi 400, ni kama 0.2. Mkono ukiwa mzito ukaenda 200, mashine ileile, seti ileile, joto limeshapanda mpaka 0.4. Hakuna mashine itakayokuokoa na mkono wa polepole.

Namba moja kwangu ni inverta ya kawaida ya MIG yenye shoti nzuri. Hapa waya unagusa chuma, unapiga shoti, tone linaachia, moto unawaka tena, na hiyo inatokea mara 20 hadi 200 kwa sekunde, ndo maana ikikaa sawa inasikika kama mafuta ya kukaangia. Tafuta yenye kitufe cha indakitansi (kinapunguza kasi ya umeme kupanda kwenye kila shoti) maana ndicho kinachotuliza cheche, rola ya waya wa 0.6, na gesi weka agoni iliyochanganywa na kaboni dayoksaidi asilimia 15 mpaka 25. Kaboni tupu inafanya kazi ndiyo, lakini inarusha cheche nyingi na kwenye bati jembamba ni rahisi kutoboa. Ila tafadhali, usiipeleke shoti kwenye vyuma vinene vya kubeba mzigo: juu utaona mshono mzuri kumbe chini haujashika, na kiwango cha Wamarekani cha kuchomelea vyuma vya majengo, AWS D1.1, hakiikubali bila utaratibu wako kupimwa kwanza.

Namba mbili siyo mashine, ni koili ya waya wa CuSi3 pamoja na agoni tupu. Ni shaba yenye silikoni, inayeyuka karibu na nyuzi 1000 wakati chuma kinasubiri mpaka kama 1500, kwa hiyo bati lenyewe haliyeyuki, linashikwa tu. Kwa mabati yenye zinki naipenda sana aisee, zinki inachemka kwenye nyuzi 907 na ukichomelea kwa waya wa chuma inapasua mshono na kuacha vitundu, huku pembeni eneo kubwa limebaki bila kinga. Moshi wa zinki bado upo, fungua milango. Waya huu ni laini, weka laina ya tefloni (mrija wa ndani ya kebo ya tochi unaopitisha waya) na rola ya mfereji wa U usibane sana.

Tatu ni palsi, yaani umeme unapanda na kushuka kwa mapigo na kila pigo linaachia tone bila waya kupiga shoti. Wauzaji wanaiita ya baridi, ni baridi ukilinganisha na ule moto wa kunyunyiza (umeme mkubwa, matone madogo yanaruka mfululizo), siyo ukilinganisha na shoti! Kama kazi yako ni alumini nyingi, au stenlesi ya 2 mm kwenda juu na hutaki kusafisha cheche kwa grinda, nunua. Kwa bodi ya gari peke yake, hapana.

Nne, STT ya Lincoln na RMD ya Miller. Hizi ni shoti zinazodhibitiwa na mashine yenyewe, zinashusha umeme sekunde ileile tone linapotaka kuachia, kwa hiyo halilipuki. Ni mashine za pasi ya kwanza (mshono wa chini kabisa) kwenye mabomba, kama huna kazi hiyo ruka.

Tano ni CMT ya Fronius. Kiufundi ndo kiboko, mota ya kwenye tochi inarudisha waya nyuma kila shoti, mpaka alumini inaungwa na bati la zinki. Lakini tochi ni maalumu, spea zake pia, na faida yake inaonekana zaidi kwenye roboti na kazi ya kujirudia. Karakana ya kazi mchanganyiko haitairudisha hela.

Ya kuacha ni vile vidogo vya bila gesi, waya wake wenye unga ndani una moto mkali kwa bati jembamba na cheche haziishi.

Kabla hujalipa nenda na vipande viwili vya bati la 0.8, omba uchomelee dukani mshono wa sentimita 2 tu, halafu geuza uangalie nyuma. Ukiona mstari mwembamba ulioiva sawasawa bila matone yanayoning'inia, mashine inashuka vizuri. Muuzaji akikataa kukuwashia, nenda duka lingine.