Mvi za poda na kicheko kilichokatwa

Igizo hili nalipa nyota moja, na hiyo moja ni ya mwigizaji wa kike.

Mzee wa igizo ana miaka 61, binti anayempenda ana 26, na kila mzaha unasimama juu ya hiyo 35 iliyo katikati. Aliyepewa nafasi ya mzee ni kijana. Hilo si kosa, jukwaani vijana huzeeshwa kila siku. Kosa ni kumzeesha kwa poda ya watoto! Poda haishiki nywele, inazikalia tu. Joto la taa likileta jasho inaganda madonge, na kichwa kikiguswa inamwagika. Binti naye wamemvika gauni jeusi. Kumbatio la kwanza, karibu na mapumziko, likamwacha mweupe kuanzia bega hadi kifuani kama aliyetoka kusaga unga.

Dawa yake haina siri. Chukua rangi nyeupe ya maji, itie manjano kidogo isije ikaonekana ya buluu chini ya taa, ipitishe juu juu kwa mswaki ukianzia panjani, kisha pulizia dawa ya kushikisha nywele na uache ikauke kabisa. Kabla hajatoka, mguse kichwa kwa kitambaa cheusi. Kitambaa kikichafuka, hajawa tayari.

Makunyanzi ndiyo usiseme: penseli nyeusi. Kwa mbali yalikuwa sharubu za paka. Kunyanzi ni kivuli cha kahawia kilichofifizwa upande mmoja, na rangi nyepesi pembeni yake. Mwambie mtu akunje uso, ufuate mikunjo yake mwenyewe. Mikono hawakuigusa kabisa. Uso wa miaka 61, vidole vya kijana, na ndivyo vinavyomvisha binti pete mbele ya macho yetu.

Halafu anatetemeka na kupinda mgongo. Kwa 61? Umri huo unaonekana kwenye kiti: mkono unakitafuta kwanza, mwili unafuata. Katika L'École des femmes, komedia ya Mfaransa Molière iliyoonyeshwa Paris mwaka 1662, Arnolphe ana miaka 42 tu na Agnès, binti anayemtaka, 17, na Molière mwenyewe aliicheza nafasi ya Arnolphe akiwa na 40. Arnolphe hachekwi kwa kutetemeka. Anachekwa kwa sababu amemlea binti awe mjinga asije akamponyoka, na anamponyoka vilevile.

Haya, nisiwe mchoyo. Binti alipoliona gauni lake alisimama. Akajikung'uta mara tatu, polepole, akamtazama mzee, akajikung'uta tena, kisha akarudi kifuani pake palepale penye poda. Neno hakusema. Ukumbi ukalipuka. Ng'ombe hazeeki maini, na binti analijua hilo. Mzee anapukutika mikononi mwake na bado anamtaka. Kurasa zote za maneno zilikuwa hazijafika hapo. Kwa hilo ningetoa nne bila kusita.

Lakini yule bwana akafungua mdomo! Kicheko kinapanda, kinafika kilele, kinashuka. Unasubiri kianze kushuka, unaingia kabla hakijakatika. Yeye aliingia kikiwa bado kinapanda. Na sentensi aliyoizamisha humo ndiyo iliyobeba kisa: kwamba barua aliyopata imetoka kwa mama wa binti, mchumba wa zamani wa mzee mwenyewe. Baada ya mapumziko mama anaingia, anamwona mzee, anazimia, na safu nzima zinaulizana kulikoni. Sehemu ya pili yote ikawa ya kukisia. Narudi kwenye moja.

Au mbili, kwa ajili ya yule dada. Gauni wasimbadilishie. Nywele wazipake rangi inayoshika, poda wabakize kijiko kimoja kwenye ukosi wa koti kwa ajili ya kumbatio lile, na mzee asubiri kicheko kianze kushuka ndipo afungue mdomo.